Nani Alipanga Hii Foleni? Historia ya Vitu Unavyopaka Usoni

Swali linalojaa sana kwa inboksi yangu si la siasa, si la mapenzi, si la doo. Ni hili: "Seramu inatangulia moisturaiza ama inafuata?" Likitoka hilo, linakuja lingine: "Tona ni lazima?" Halafu lingine: "Sanskrini naipaka kabla ama baada?"

Sawa, nitajibu. Lakini kwanza niwaulize nyinyi. Hii foleni ilipangwa na nani? Mtu aliamka siku gani akasema chupa ya bluu itangulie, ya kijani ifuate, ya manjano ifunge? Hatuulizi. Tunaona video ya sekunde thelathini, tunanunua, tunapaka.

Mimi niliacha campo mwaka wa pili, kwa hivyo hapa hakuna daktari anayeongea. Kuna mtu anayesoma sana na hapendi kuambiwa "fanya hivi" bila kuambiwa kwa nini. Na nilipoifuata hii story nyuma, nimepata kwamba foleni yako ya asubuhi imetengenezwa na vitu vitatu: sayansi ya maji na mafuta, biashara, na ngozi ya watu weusi ambao hakuna aliyewaeleza vizuri wanafanyiwa nini. Twende pole pole.

Kabla ya chupa

Usidhani mpangilio ulianza na TikTok. Enda Lamu, Mombasa au Unguja, uliza bibi arusi huandaliwaje. Kuna singo, ule mchanganyiko wa viungo na maua unaosuguliwa mwilini kutoa taka na ngozi iliyokufa. Kuna liwa, kipande cha mti wenye harufu kinachosagwa juu ya jiwe na maji kidogo hadi kiwe uji wa kupaka. Mwari anasuguliwa, anaoga, anapakwa hina na mafuta mazuri, halafu anafukizwa udi. Somo wake ndiye anayesimamia. Hakuna somo mwenye akili timamu atakayemfukiza mwari udi kwanza kisha amsugue singo. Harufu yote ingeishia kwa maji ya kuoga.

Hapo tayari una kanuni nzima: toa uchafu, lisha ngozi, funga. Maneno matatu. Kila kitu kingine nitakachokuambia leo kimejengwa juu ya hayo matatu.

Bara nako hatukuwa tumekaa tu. Wasamburu na Wamaasai wanachanganya udongo mwekundu na mafuta ya mnyama. Wakikuyu walikuwa na mafuta ya mbarika. Ukimuuliza shosh kwa nini alipaka mafuta baada ya kuoga na si kabla, atakuangalia kama umepotea. Ni wazi. Lakini ndani ya huo "uwazi" kuna fizikia: mafuta yakikalia ngozi yenye unyevu, yanauzuia ule unyevu usitoroke. Ngozi ikikauka kabisa ndio upake, unafungia ukavu.

Huko Roma, karne ya 2, daktari wa Kigiriki anayeitwa Galen anatajwa kama mwanzilishi wa kile wazungu walikuja kuita "cold cream": nta ya nyuki, mafuta ya zeituni na maji ya waridi, vyote vimepigwa pamoja. Iliitwa krimu ya baridi kwa sababu maji yake yakikauka juu ya ngozi unasikia ubaridi. Kumbuka hiyo krimu, itarudi.

Kopo la Vaseline na kopo lenye ng'ombe

Mwaka 1859, kijana wa miaka 22 anayeitwa Robert Chesebrough alisafiri hadi Titusville, Pennsylvania, Marekani, ambako mafuta ya petroli yalikuwa yameanza kuchimbwa. Alipata wafanyakazi wanalalamika kuhusu uchafu mzito kama nta unaoganda kwa mitambo. Uchafu huo huo walikuwa wanaupaka wakijikata ama kuungua. Akauchukua, akausafisha kwa miaka, na mwaka 1872 akapata hataza ya kitu alichokiita Vaseline.

Vaseline hailishi ngozi chochote. Haina maji ndani. Kazi yake ni kufunga mlango. Ndio maana kwa foleni ya usiku inakaa mwisho kabisa: chochote kizuri ukikipaka juu ya Vaseline, kinabaki nje kikibisha hodi.

Na sisi Wakenya tuna binamu yake, Arimis. Ile jeli ya kukamulia, kopo lina ng'ombe, iliyotengenezewa chuchu za ng'ombe zisipasuke. Watu waliona ng'ombe anang'aa kuwaliko, wakajipaka. Ulisoma boarding? Basi unajua Arimis ilikuwa klenza, moisturaiza, mafuta ya nywele na dawa ya midomo, yote kwa kopo moja. Watu hucheka hiyo story, lakini kisayansi ule mtoto aliyetoka kuoga, akajipangusa nusu, akapaka Arimis ngozi ikiwa bado na unyevu, alikuwa anafanya kitu sahihi kuliko msee mwenye chupa saba anazipaka ovyo.

Biashara inaingia

Sasa, kama toa, lisha, funga inatosha, chupa saba zilitoka wapi?

Mwanzoni mwa karne ya 20 kuna wanawake wawili waliobadilisha huu mchezo. Wa kwanza ni Helena Rubinstein, aliyezaliwa Kraków, akahamia Australia, na huko akaanza kuuza krimu aliyoiita Valaze. Yeye ni mmoja wa waliosambaza wazo kwamba ngozi za watu zina aina: kavu, ya mafuta, ya kawaida. Fikiria akili ya hiyo biashara. Kabla yake, krimu ni krimu. Baada yake, krimu ya jirani yako haikufai, lazima ununue yako.

Wa pili ni Florence Nightingale Graham, Mkanada, ambaye mwaka 1910 alifungua saluni Fifth Avenue, New York, kwa jina la biashara ambalo bado unaliona madukani: Elizabeth Arden. Yeye aliwafundisha wateja wake hatua tatu kwa mpangilio: safisha, tona, lisha. Hatua tatu, chupa tatu.

Miaka hiyo hiyo ya 1910, kampuni ya Pond's nayo ikaanza kutangaza krimu zake mbili kama pea: Vanishing Cream ya mchana, Cold Cream ya usiku. Hapo awali ungeweza kununua moja ukaenda zako. Sasa ukinunua moja unahisi ni kama umevaa kiatu kimoja. Ule mgawanyo wa "ya asubuhi" na "ya usiku" ulio kwa rafu yako, kampuni kama hizo ndizo zilizouweka kichwani mwa watu.

Tuongee kuhusu tona, maana ndiyo inayowachanganya wengi. Tona ilikuwa na kazi ya kweli wakati huo. Wanawake walisafisha uso kwa cold cream, ile ya Galen, kisha wakaipangusa. Ilibaki mafuta. Ukitumia sabuni badala yake, shida nyingine: sabuni ya kawaida ina pH ya kama 9 hadi 10, na ngozi yako kiasili ni chachu. Mwaka 1928 watafiti wa Ujerumani, Schade na Marchionini, waliandika kuhusu huo utando wa asidi juu ya ngozi. Kwa hivyo tona ilikuwa mtu wa usafi: inatoa mabaki, inarudisha ngozi karibu na hali yake.

Lakini sabuni za uso zikabadilika. Mwaka 1957 Dove ilitoka Marekani, kipande kinachofanana na sabuni lakini si sabuni ile ya zamani, ni laini zaidi. Leo klenza nyingi za uso haziachi mafuta na hazichomi. Ile shida iliyozaa tona imeisha kwa watu wengi. Tona haikuambiwa. Ilibaki kwa foleni, ikapewa maua kwa lebo, na bado unailipia.

Hiyo ndiyo faida ya historia, wasee. Hatua ikipoteza sababu yake, haijiondoi. Wewe ndiye unafaa kuiondoa.

Mwaka 1967 jarida la Vogue la Marekani lilichapisha mahojiano na daktari wa ngozi Norman Orentreich, swali kuu likiwa kama ngozi nzuri inaweza kutengenezwa. Mwaka uliofuata, 1968, kampuni ya Estée Lauder ikazindua Clinique, ikiwa na huyo daktari nyuma yake na mhariri aliyeandika hayo mahojiano, Carol Phillips. Clinique iliuza mfumo wa hatua tatu: sabuni, losheni ya kuondoa ngozi iliyokufa, na moisturaiza. Wauzaji walivaa makoti meupe kama ya maabara. Kutoka hapo mpangilio wa chupa haukuwa tena ushauri wa saluni. Ulikuwa kama amri ya daktari. Na amri ya daktari huulizi maswali.

Gereza la Holmesburg

Hapa nataka usome pole pole.

Kama una chunusi, ama unafuata watu wa urembo mtandaoni, umesikia retinoli. Dada yake mkubwa anaitwa tretinoini, ni dawa ya daktari. Marekani iliidhinisha tretinoini kama dawa ya chunusi mwaka 1971, kwa jina Retin-A. Anayetajwa kama baba wa hiyo dawa ni Albert Kligman, daktari wa ngozi wa Chuo Kikuu cha Pennsylvania.

Kligman alijaribia wapi vitu vyake? Sehemu kubwa, ndani ya gereza la Holmesburg, jijini Philadelphia, kuanzia 1951 hadi 1974. Wafungwa wengi walikuwa Weusi. Wengi wao hata hawakuwa wamehukumiwa, walikuwa wanangoja kesi kwa sababu hawakuwa na pesa ya dhamana. Walilipwa hela kidogo wapakwe losheni, dawa, kemikali. Kati ya kemikali hizo kulikuwa na dioksini, sumu, kwa kazi iliyolipwa na kampuni ya Dow Chemical. Hawakuelezwa vizuri ni nini kinaingia mwilini mwao. Mwaka 1966 Kligman mwenyewe alimwambia mwandishi wa gazeti kwamba alipoingia pale mara ya kwanza, alichoona mbele yake ni ekari za ngozi. Akajifananisha na mkulima anayeona shamba lenye rutuba.

Hakuona watu.

Mwaka 2000, karibu wafungwa 300 wa zamani walienda kortini. Kesi ikatupwa kwa sababu muda wa kushtaki ulikuwa umepita. Kligman alikufa mwaka 2010, akiwa tajiri. Shule ya udaktari ya hicho chuo iliomba msamaha mwaka 2021. Jiji la Philadelphia likaomba msamaha mwaka 2022. Hesabu mwenyewe: kutoka 1974 hadi 2022 ni miaka 48.

Sikuambii utupe retinoli yako. Inafanya kazi, na kuitupa hakumrudishii mtu yeyote ngozi yake. Nakuambia ujue. Ukiambiwa kwamba "hivi vitu havikutengenezwa na ngozi nyeusi akilini", hiyo ni nusu ya ukweli. Ngozi nyeusi ilikuwepo tangu mwanzo, kwenye majaribio. Haikuwepo kwenye faida.

Na kwa nini retinoli inakaa kwa foleni ya usiku? Kwa sababu tretinoini inaharibika ikipigwa na mwanga, na inaifanya ngozi iwe nyepesi kuchomeka na jua. Hiyo si biashara, ni kemia. Na kama uko na mimba ama unapanga, usiiguse bila kuongea na daktari.

Mwaka 1975

Kuna mwaka mmoja ambao mimi huurudia kila mara, 1975. Vitu vitatu vilichapishwa mwaka huo.

Cha kwanza: Kligman huyo huyo, na mwenzake Willis, walichapisha fomula ya kuondoa rangi ya ngozi. Vitu vitatu pamoja: haidrokwinoni, tretinoini na steroidi. Waliripoti kwamba ikipakwa kila siku inaweza kuondoa rangi hata kwa ngozi nyeusi isiyo na ugonjwa wowote. Madaktari bado wanatumia mchanganyiko wa aina hiyo kwa madoa, kwa muda mfupi, wakimwangalia mgonjwa.

Cha pili: mwaka huo huo, Afrika Kusini, daktari Findlay na wenzake waliripoti kwamba krimu za haidrokwinoni zilikuwa zinawaharibu watu. Wanawake walipaka ili wawe weupe, na badala yake wakapata madoa meusi ya kibluu, magumu, yasiyotoka. Ugonjwa huo unaitwa okronosisi. Afrika Kusini ilipitisha sheria ya kuzipiga marufuku mwaka 1990. Miaka 15 baadaye.

Cha tatu: daktari Thomas Fitzpatrick wa Harvard alitoa kipimo cha aina za ngozi kulingana na jua linavyoichoma. Ni kipimo kinachotumika hadi leo, utakiona kila mahali, kutoka 1 hadi 6. Mwanzoni kiliishia 4. Kilikuwa cha kupanga dozi ya mwanga kwa wagonjwa weupe. Ngozi za kahawia na nyeusi, namba 5 na 6, ziliongezwa baadaye.

Ukiviweka pamoja, unaona nini? Mwaka mmoja sayansi inajua jinsi ya kuitoa rangi yetu, inajua kuitoa kunatuharibu, na kipimo chake cha ngozi bado hakina namba yetu.

Na usidhani hii ni story ya mbali. Miaka ya 1960 na 1970, krimu za kuchubua kama Ambi ziliuzwa na kutangazwa hapa Afrika Mashariki. Tanzania, mwaka 1968, vijana wa TANU walitangaza Operesheni Vijana, wakapiga vita sketi fupi, wigi, suruali za kubana na krimu za kuchubua, kuanzia Januari 1969. Mimi sikubaliani na mtu kumpima dada wa watu sketi barabarani. Lakini ona kwamba mjadala wa krimu ulikuwepo kabla wazazi wetu wengi kuzaliwa. Hapa Kenya, bidhaa zenye zebaki na haidrokwinoni zilipigwa marufuku tangu mwishoni mwa miaka ya 1990. Na bado ukishuka tao utazipata.

Siku hizi hazijifichi kama mkorogo kwa kopo lisilo na jina. Zimevaa suti. Ziko kwa chupa yenye kidonyezi, lebo inasema "seramu ya kung'arisha". Duka moja la vipodozi, jina silitaji, mhudumu alinipangia chupa tano kwa kaunta kama mtu anapanga kadi. "Siz, hii kwanza, hii pili, hii ya tatu ndio inaleta glo." Nikageuza hiyo ya tatu. Hakuna orodha ya viungo. Nikamuuliza ndani kuna nini. "Siz, ni naturo." Nikamwachia na glo yake.

Hapo ndipo mpangilio unaweza kukudhuru kweli. Ukishazoea kwamba kuna hatua saba, hatua ya nne inaweza kuwa chochote. Hatuulizi, kwa sababu foleni imeshatuzoesha kutouliza.

Mlinzi wa mwisho

Sanskrini, ama losheni ya jua, ina historia yake. Miaka ya 1930 na 1940 watu tofauti walikuwa wanaitafuta kila mmoja kivyake. Eugène Schueller, mwanzilishi wa L'Oréal, alitoa Ambre Solaire Ufaransa katikati ya miaka ya 1930. Franz Greiter, Mwaustria aliyekuwa akipanda milima, alitoa krimu yake ya barafuni mwaka 1946, na mwaka 1962 akaleta wazo la SPF, ile namba unayoiona kwa chupa.

SPF inapimwa maabara kwa kupaka miligramu 2 kwa kila sentimita mraba ya ngozi. Hiyo ni nyingi kuliko tunavyopaka. Ndio maana utasikia watu wanasema jaza vidole viwili kwa uso na shingo. Ukipaka kidogo, SPF 50 yako si 50.

Kwa nini inakaa mwisho asubuhi? Kwa sababu inafaa kutandaza utando mmoja, sawasawa, juu ya ngozi. Ukipaka krimu nyingine juu yake na kusugua, unautoboa huo utando. Kwa hivyo: moisturaiza, subiri kidogo, sanskrini, halafu mekapu kama unapaka.

"Lakini sisi ni weusi." Ndiyo, melanini inatupunguzia kuchomeka na inatupunguzia saratani ya ngozi sana. Haituzuii madoa. Chunusi ikiacha alama, jua linaikoleza. Na Nairobi iko karibu na ikweta, zaidi ya mita 1,600 juu ya usawa wa bahari. Saa sita mchana hili jua si la mchezo.

Halafu kuna wenzetu ambao kwao sanskrini si urembo. Kwa mtu mwenye ualbino, hiyo hatua ya mwisho ni kati ya yeye na saratani. Pale Moshi, Tanzania, kwenye kituo cha mafunzo ya magonjwa ya ngozi cha KCMC, kuna mradi unaotengeneza sanskrini ya KiliSun kwa ajili ya watu wenye ualbino. Hapa Kenya serikali imekuwa na mpango wa kuwagawia kupitia baraza la taifa la watu wenye ulemavu. Kwa hivyo ukisikia mtu anasema sanskrini ni mambo ya masponyo na watu wa Kilimani, mwambie kuna mtoto Moshi na mwingine Kitui ambaye akiikosa, anaikosa kwa uhai wake. Hii chupa moja, kati ya zote, ndiyo ambayo kuikosa kunaweza kumuua mtu. Na si ajabu ndiyo inayokosekana vijijini, wakati seramu za kung'arisha zinafika kila soko.

Jinsi ulivyofanywa mkemia

Tumalizie na juzi. Mwaka 1967 msanii wa mekapu wa Japani, Shu Uemura, alitoa mafuta ya kusafishia uso. Kutoka Japani na Korea likaenea wazo la kusafisha mara mbili: mafuta kwanza, yatoe mekapu na sanskrini, kisha klenza ya maji. Mantiki ni safi kabisa, mafuta huyeyushwa na mafuta. Lakini kama hukupaka mekapu wala sanskrini nzito, unasafisha nini mara ya pili?

Miaka ya 2010 ndipo dunia ilipoambiwa kuhusu "hatua 10 za Kikorea". Waliosukuma sana hiyo hesabu kwa wasomaji wa Kiingereza ni wauzaji walioko Marekani, kama Soko Glam ya Charlotte Cho, iliyoanzishwa 2012. Hatua kumi ni hadithi tamu. Pia ni bidhaa kumi.

Halafu mwaka 2016 ikaja The Ordinary, kutoka Kanada. Hii ilibadilisha kila kitu, na ndiyo inayojibu kwa nini leo inboksi yangu imejaa. Zamani kampuni ilikuuzia seti: namba moja, mbili, tatu, imeandikwa kwa chupa. The Ordinary ikauza kiungo kimoja kimoja, kwa bei ya chini, kwa chupa zinazofanana na za maabara. Naiasinamidi peke yake, vitamini C peke yake, asidi peke yake. Poa sana kwa bei, na angalau unajua unachopaka. Lakini kazi ya kuvipanga ikahamia kwako. Wewe ndiye mkemia sasa, na hakuna aliyekufundisha. Ndio ukaanza kutafuta chati, na chati zikaanza kukuuzia chupa zaidi.

Basi nijibu swali

Asubuhi: osha uso kwa kitu laini, ama maji tu. Kama una shida maalum, seramu moja, nyepesi, ngozi ikiwa na unyevu kidogo. Moisturaiza. Sanskrini. Mwisho.

Usiku: toa mekapu na sanskrini, osha. Kama unatumia dawa ya chunusi ama retinoli, hapa ndipo. Moisturaiza. Kama ngozi imepauka, Vaseline kidogo ama ile Arimis yako juu, isipokuwa juu ya retinoli kama ngozi yako inawasha haraka. Mwisho.

Kanuni ni moja: cha maji kabla ya cha mafuta, chepesi kabla ya kizito, cha kufunga mwisho. Ukielewa hiyo hauhitaji chati tena. Na kama doo ni ya kitu kimoja tu mwezi huu, nunua sanskrini na uendelee na mafuta uliyonayo nyumbani. Nasema hivyo kwa wale wanaonunua seramu na pesa ya chakula ya wiki. Najua mko hapa.

Kabla uweke kitu chochote kwa foleni, kiulize maswali matatu. Kinafanya kazi gani? Kazi hiyo bado ipo, ama ni kama tona, shida yake iliisha kabla hata tuzaliwe? Na ndani yake kuna nini, kimeandikwa, kwa lugha unayoweza kusoma? Kikishindwa swali la tatu, kirudishe kwa rafu hata kama kina glo ya malaika.

Wale wanaume wa Holmesburg hawakupewa nafasi ya kuuliza walichopakwa. Wewe unayo. Geuza chupa, soma nyuma.